Kesi ya Thelathini na Mbili ya Inspekta Pua

Kampuni ya Picha za Bellwether, yenye makao yake Edendale, Los Angeles, inapenda kuujulisha umma kwamba mbwa wake, Inspekta Pua, amekwisha kutatua kesi thelathini na moja, na kwamba tangu aanze kazi hajawahi kushindwa kumpata mtu yeyote aliyepotea. Kampuni inapenda pia ieleweke kuwa mafanikio hayo hayatokani na ujanja wa kamera wala hila ya mkufunzi, bali na kipaji alichozaliwa nacho mnyama huyo. Tangazo hili lilitoka kwenye magazeti manne mwezi Oktoba 1923, likabandikwa kwenye milango ya majumba ya sinema kutoka Fresno hadi San Diego, na kwa miezi mitatu hakuna aliyelipinga.

Nalijua vizuri kwa sababu nililiandika mimi. Kazi yangu pale Bellwether ilikuwa kutunga vile vibao vya maneno vinavyokatiza picha ili watazamaji wajue nani kasema nini, maana picha zetu zilikuwa bubu. Siku ambazo wezi wetu hawakuwa na la kusema, Mortimer Fitch, bwana matangazo, aliniazima. "Andika kama unaapa mahakamani," aliniambia. Nikaandika hivyo, kabla ya chakula cha mchana.

Mtu pekee ambaye angeweza kulipinga alikuwa Alvah Kinnick, mkufunzi wa mbwa mwenyewe. Alilisoma akinywa kahawa, akalikunja mara mbili, akamfutia nalo Wendell matope miguuni.

Wendell ndilo lililokuwa jina la mbwa nyumbani. Alikuwa mdogo, mweupe, manyoya magumu kama brashi ya viatu, na baka jeusi kwenye jicho la kushoto ambalo lilipofifia tuliliongezea masizi. Kwenye picha alivaa kofia ya mviringo na kiko kilichofungwa kwa uzi. Picha zote zilikuwa ile ile moja: kitu kinaibwa au mtu anapotea, polisi wanene wanagongana vichwa, Inspekta Pua ananusa kiatu, anakimbia mitaa mitatu, anaingia kwa dirisha, anapata. Dakika ishirini kwisha. Watu walicheka mpaka wakatokwa machozi, na wengine, nimewaona, walitoka ukumbini wakiwatazama mbwa wao wenyewe kwa dharau.

Sasa, kunusa hakukuwepo. Wendell alikuwa na pua ya kawaida, tena niseme ya chini kidogo ya kawaida. Nimemwona akiipita soseji. Alichokuwa nacho ni macho. Alvah alisimama kando ya kamera, na kwa kuwa kamera zile hazikuchukua sauti, aliongea na mbwa mwanzo hadi mwisho bila kumsumbua mtu. "Taratibu, mwanangu. Simama hapo. Inua mguu. Haya, shangaa. Shangaa zaidi, hao wa viti vya nyuma hawajakuona." Lakini hata maneno hayo yalikuwa mapambo tu.

"Angekuwa kiziwi angefanya kazi vilevile," Alvah aliniambia siku moja. "Huyu hamwangalii mwizi. Ananiangalia mimi. Nikitupa jicho mlangoni, anakwenda mlangoni. Nikitupa jicho chini ya kitanda, huyoo, chini ya kitanda. Mwizi yuko wapi najua mimi."

"Na ukifumba macho?"

"Anasimama. Ndiyo maana sifumbi."

Ujuzi huo aliutoa jukwaani. Yeye na mkewe Lavinia, ambaye kila mtu alimwita Vinnie, walizunguka majukwaa ya burudani miaka ishirini na miwili na mbwa wa hesabu, kutoka Dubuque mpaka Spokane na kurudi. Vinnie alivaa gauni la kumetameta, akawaomba watazamaji wataje namba. Saba kujumlisha tano! Mbwa anabweka mara kumi na mbili. Alvah alikuwa pembeni anapiga fidla kama mtu asiyehusika, na namba ilipotimia aliinamisha macho, basi, mbwa ananyamaza. Maprofesa walikuja na kalamu zao, wakapima fuvu la mbwa, wakaandika. Hakuna hata mmoja aliyempima mpiga fidla. Mbwa wa hesabu walikuwa watatu kwa kufuatana. Wendell alikuwa wa mwisho, na alipata miezi michache tu ya jukwaani kabla ya watu kuhamia sinema, Kinnick na mkewe nao wakahamia California.

Kitu cha kwanza kumtoka Vinnie kichwani kilikuwa hizo hesabu. Kisha yakamtoka majina ya miji. Baadaye birika la chai lilianza kulala kitandani na mito kuamkia jikoni. Kufikia mwaka huo wa tangazo langu alikuwa hawezi kuachwa peke yake. Jirani mmoja alijitolea kukaa naye mchana. Akajitolea siku mbili.

Basi Alvah akawa anakuja naye kazini. Walimwekea kiti cha mgongo mrefu kushoto kwa kamera, karibu na jiko la mkaa, na pale ndipo alipokaa, mikono mapajani, gauni jembamba la kijivu na skafu ya manjano, mwanamke mdogo aliyenyooka kama mtu anayesubiri kuitwa. Na kweli alikuwa anasubiri kuitwa. Kila baada ya nusu saa aliuliza, kwa adabu, yeyote aliyepita karibu:

"Samahani, sisi tunapanda jukwaani saa ngapi?"

Nasi sote, kuanzia maseremala mpaka Bwana Leeming mwenye kampuni, tulijua jibu.

"Baada ya hawa, Vinnie."

"Ahsante. Wana mbwa?"

"Hawana."

"Basi hatuna wasiwasi," alisema, akatulia.

Mara moja alinyanyuka katikati ya tukio, akatembea mpaka mbele ya kamera, akainama kuwasalimu watazamaji wasiokuwepo. Gus Dressel, mwongozaji wetu, mtu aliyekuwa akitukana hata mawingu, alivua kofia.

"Alvah, mkeo kaingia kwenye picha tena."

"Nisamehe, Gus."

"Nikusamehe nini? Kainama vizuri kuliko hao ninaowalipa."

Kulikuwa na utaratibu. Kamera isipozunguka, Alvah alimtazama Vinnie mwenyewe. Kamera ikizunguka, macho ya Alvah yalikuwa mali ya Wendell, na hapo Idella Moon, fundi wetu wa nguo, ndiye aliyemwangalia mama. Miezi minane utaratibu huo ulifanya kazi bila kasoro, na kwa hiyo hakuna aliyeufikiria tena.

Jumanne moja ya Januari, anga imefunga kama inataka kunyesha, tulikuwa tunapiga kesi ya thelathini na mbili. Inspekta Pua alitakiwa kuvuka ubao mwembamba kutoka paa moja hadi jingine, chupa ya maziwa mdomoni, polisi sita wakimfuata na kuangukia paani mmoja mmoja. Mapaa yalikuwa ya kweli na chini hapakuwa na wavu, kwa sababu wavu ungeonekana. Alvah alisimama juu ya ngazi upande wa pili, macho yamekaza. Angeyaondoa mbwa akiwa katikati ya ubao, mbwa angegeuka kutazama yalikokwenda.

Mara ya kwanza Wendell alidondosha chupa. Mara ya pili Ollie Strand, polisi wetu mnene kuliko wote, alianguka kabla ya zamu yake akapasua suruali kuanzia kiunoni hadi gotini.

"Idella!" Gus akapiga kelele. "Njoo umshone huyu kiboko kabla watoto hawajaona!"

Idella akaja na sindano. Alimshona Ollie akiwa amevaa vilevile, naye Ollie analalamika anachomwa, wote tunacheka. Mara ya tatu ikaanza Idella akiwa bado amepiga magoti nyuma ya polisi wake, kamera isikowafikia. Ilichukua kama dakika nne, na ilikuwa nzuri sana. Wendell alivuka na chupa yake kama karani anayepeleka faili. Alvah hakupepesa.

Aliposhuka ngazi kiti kilikuwa kitupu.

"Vinnie?"

"Si alikuwa hapo sasa hivi?" mpiga kamera akasema.

"Sasa hivi ya lini?"

Hakuna aliyejua. Idella alishika mdomo kwa mikono yote miwili, uzi bado unaning'inia kwenye kidole. Tulitafuta vyumba vya kuvalia, ghala la samani, benki ya mbao na kituo cha polisi cha mbao, na jukwaa namba mbili. Alvah alikuwa anaita bila kupandisha sauti, kama mtu asiyetaka kumshtua. Mlinzi wa geti alisema hakumwona, kisha akasema labda alimwona, kisha akaulizwa mara ya tatu akaanza kulia.

Hapo ndipo Mortimer Fitch alipotoka ofisini bila koti.

"Subirini," alisema. "Mbona mnahangaika? Tunaye Inspekta."

"Nyamaza, Mort," Alvah akasema.

"Nasema kweli, mzee. Mbwa yupo. Watu sitini wapo. Kamera ndogo inabebeka. Kesho tuko ukurasa wa kwanza, na jimbo zima litakuwa linamtafuta mama."

"Wewe bwana huna haya," Ollie akamwambia, akiwa na suruali iliyoshonwa nusu. "Mke wa mtu kapotea, wewe unaleta gazeti?"

"Gazeti lina macho mengi kuliko wewe."

"Mort," Alvah akasema taratibu, "huyu mbwa hajui kutafuta. Hawezi kupata hata bakuli lake. Unajua. Kila mtu hapa anajua."

Ilikuwa kweli, na ingeishia hapo. Lakini Wendell, ambaye hakuna aliyekuwa anamwangalia, alikuwa amekwenda mwenyewe kwenye kile kiti kitupu akaweka kidevu juu yake. Vinnie alikuwa akimpa pale maganda ya mkate kila asubuhi; sababu haikuwa zaidi ya hiyo. Alvah alimtazama kwa muda mrefu. Kisha nikaona usoni mwake kitu ambacho sipendi kukikumbuka. Mwanamume wa miaka sitini na mitatu, aliyewadanganya maprofesa wa majimbo kumi na tisa kwa kuinamisha macho tu, alikuwa ameanza kuliamini tangazo langu.

"Anampenda," alisema. Hakuwa anamwambia yeyote kati yetu. "Mimi ananitii. Yule anampenda. Pengine ni tofauti."

Skafu ya manjano ilikuwa imeachwa kwenye mkono wa kiti. Alvah alipiga goti, akamsogezea Wendell.

"Mama yuko wapi, mwanangu? Eh? Mtafute mama."

Wendell alitia pua kwenye skafu kama alivyofundishwa kutia pua kwenye viatu thelathini na kimoja. Kisha akainua kichwa akamtazama Alvah. Nilikuwa nimesimama hatua mbili tu kutoka pale, na sikuona Alvah akifanya lolote. Yeye mwenyewe hakujua kama kafanya lolote. Mbwa akageuka, akatoka getini mbio, akashika barabara ya kusini.

Tukamfuata sote. Maseremala, wapakaji rangi, bibi harusi wa jukwaa namba mbili akiwa ameshika pindo la gauni, polisi sita wa bandia, Fitch, mpiga kamera na kamera begani. Hata mlinzi wa geti, mwenye goti bovu, alipanda juu ya benchi aone tunakokwenda. Pale Bellwether hakubaki mtu ila yeye.

Kando ya Barabara ya Glendale watu walisimama kutushangilia. Wangejuaje? Walikuwa wamezoea kutuona tukikimbia. Mwenye duka la nyama alitoka na aproni yake akapiga kelele, "Inspekta! Kaiba nani leo?" na wateja wake wakacheka. Mwanamke mmoja kwenye tramu alimwinua mtoto dirishani apunge mkono. Ollie alijaribu kuwaeleza, huku anahema, kwamba safari hii si mchezo, na kwa kuwa alikuwa amevaa sare ya polisi iliyopasuka walizidi kucheka.

Na mbwa alikuwa na uhakika! Ndicho kilichotumaliza wote. Kwenye kila njia panda alisimama, akageuka, akamtazama Alvah, akachagua. Hakusita hata mara moja. Alvah alikuwa anakimbia kama kijana, kofia imedondoka, na anaongea njia nzima: "Vizuri, mwanangu. Vizuri. Nilijua. Nilijua tu." Idella alinishika mkono tukiwa tunakimbia. "Anampata," alisema. "Mungu wangu, anampata."

Tulifika ziwani Echo Park. Wendell alilizunguka upande wa mashua, akapita benchi la kwanza, akapita la pili, akafika la tatu, akaketi mbele yake. Akainua mguu wa kulia, akainamisha kichwa upande, akashangaa.

Benchi lilikuwa tupu. Juu yake palikuwa na ganda la chungwa.

"Hapa?" Alvah akasema. "Wapi, mwanangu?" Akatazama kibanda cha mashua. Wendell akakimbilia kibanda cha mashua. Akatazama daraja dogo la mbao. Wendell akaenda darajani, akashangaa. Akamtazama mama mmoja aliyekuwa na mwavuli kwa mbali. Mbwa akamwendea, akaketi miguuni pake, akainua mguu. Alvah akawa anageuka haraka, na mbwa haraka zaidi, mkia unacheza, maana siku nyingi hakuwa amepewa kazi ya kupendeza kiasi hicho. Nyuma yangu nikasikia mpini wa kamera ukizunguka na Fitch akinong'ona, "Vizuri sana. Endelea, endelea."

Kisha Alvah akasimama katikati ya njia akafumba macho.

Mbwa akasimama.

Akayafumbua, akatazama maji. Mbwa akaenda kwenye maji. Akayafumba tena. Mbwa akasimama, mguu mmoja ndani ya ziwa.

Alvah akalikalia lile benchi la tatu. Tulipoambiwa baadaye kwamba walipohamia California alikuwa akimleta Vinnie pale kila Jumapili, hatukushangaa. Wakati ule alisema tu, kwa sauti ya mtu anayekiri jambo dogo:

"Amenileta nilikotaka Vinnie awe."

Sajini wa polisi, wa kweli huyu, alifika na vijana wanne. Alivua kofia mbele ya Alvah, akainama kumkuna Wendell shingoni.

"Tulipata simu saa nane kwamba mke wa mtu kapotea," alisema. "Nikataka kutawanya vijana kuzunguka studio. Halafu tukasikia Inspekta yuko kazini, nikasema basi, tumfuate yeye." Akatazama ziwa. "Kaonyesha maji?"

"Hajaonyesha kitu," Alvah akasema. "Sikiliza, bwana. Mbwa hajui. Anafuata macho yangu. Rudisha vijana wako kule juu, tuanze kulekule alikopotelea."

"Mzee, pole sana. Nimeona picha zake zote."

"Ni picha!"

"Huyu hakosei. Kaweka mguu majini mbele ya mashahidi sitini." Sajini alimshika bega kwa upole mkubwa. "Najua hutaki iwe majini. Hakuna anayetaka."

Alvah alimgeukia Fitch. "Mwambie, Mort." Fitch alikuwa anatazama viatu vyake. Alvah akanigeukia mimi. "Basi wewe. Wewe ndiye uliyeandika."

"Sajini," nikasema, "mbwa huyu ni mwigizaji. Lile tangazo ni la biashara tu."

"'Hayatokani na ujanja wa kamera wala hila ya mkufunzi,'" Sajini akasema. Alikuwa amelikariri, binti yake alilikata gazetini akalibandika jikoni. Alinitazama kama mtu anayemsaliti rafiki yake wa kazi. Halafu akatoa kijitabu chake, akachovya unyayo wa Wendell kwenye tope, akaugandamiza kwenye ukurasa mweupe. "Wa binti yangu," alieleza.

Waliburuta kulabu ziwani mpaka jioni, mashua tatu, na watu wetu sitini wakazunguka ukingo na fito. Nilikuwa mmojawao. Ukishapewa ufito na mahali pa kuchoma, huachi. Walipata gurudumu la gari la mtoto na kiatu cha mwanamume. Saa kumi na moja mvua ikaanza, ile mvua ya Januari ya huku, baridi na isiyo na haraka. Alvah alikuwa ameondoka zamani, peke yake, kurudi juu kwa miguu. Alipita nyumba hadi nyumba kwenye barabara yetu akiulizia mwanamke mwenye gauni la kijivu, na kwenye nyumba nne, aliniambia, walimfungulia wakitabasamu wakachungulia nyuma yake kuona kama mbwa yupo.

Vinnie alipatikana asubuhi ya Jumatano. Alikuwa ameketi, mikono mapajani, viatu vyake vimepangwa pembeni. Daktari aliandika baridi na moyo. Alikadiria kuwa alifariki karibu na alfajiri, saa kumi au kumi na moja. Alvah alimwomba arudie saa hiyo, akairudia.

Bwana Leeming aligharimia mazishi, akafanya ungwana huo kimyakimya. Fitch alitaka kuihifadhi ile picha ya ziwani, si kuitumia, alisema, kuihifadhi tu. Gus Dressel alimsikiliza mpaka mwisho. Kisha alikwenda chumba cha giza, akachukua kopo lenye filamu hiyo ambayo ilikuwa haijaoshwa na mwanga ungeiharibu, akatoka nalo uani, akalifungua juani, akaliacha wazi mpaka alipomaliza sigara yake. "Nimesahau kulifunga," alisema.

Kwa mkataba mbwa alikuwa wa kampuni, na Alvah aliondoka bila kumgombania. Walileta mkufunzi mwingine, mtu mzuri, aliyefundisha sili wa baharini. Wendell alimsikiliza kwa heshima zote, akaketi katikati ya jukwaa, akawa anapatazama pale kando ya kamera, mahali palipokuwa patupu. Hawakupata hata dakika moja ya kutumia. Baada ya wiki mbili Ollie Strand alitumwa kumpeleka Pomona, ambako Alvah alikuwa amepanga nyumba ndogo na kuanza kufuga kuku.

Nilikwenda kumtembelea miaka mitatu baadaye. Tulikaa jikoni, tukanywa kahawa, tukaongea habari za bei ya mayai. Alvah alikuwa amevaa miwani nyeusi, ndani ya nyumba, mchana wa mawingu. Nikamuuliza kama macho yanamsumbua.

"Hapana, mazima."

"Sasa miwani ya nini?"

Alinionyesha kwa kidole. Wendell, mzee sasa, mweupe hata lile baka, alikuwa amelala karibu na mlango, kidevu juu ya miguu, amemkazia uso Alvah.

"Miaka yote hiyo ananisubiri nimwambie aende wapi," Alvah akasema. "Nikiwa nayo, anapata usingizi."

Alvah alifariki mwaka 1935, na mbwa alikuwa amemtangulia miaka minane. Sikupata kumwuliza kama aliwahi kurudi Edendale kupaona mahali penyewe. Mimi nilikwenda, wiki ile ile ya mazishi. Nyuma ya jukwaa namba mbili palikuwa na uzio wa mbao wenye pengo la mbao mbili, na ng'ambo ya uzio palikuwa na shamba la maua la familia ya Iseri, lenye kibanda cha vioo cha kuoteshea miche. Kutoka kwenye kiti cha Vinnie hadi mlango wa kibanda ni hatua mia na arobaini. Nilizihesabu kwenda na kurudi. Aliyemkuta humo ni Bibi Iseri mwenyewe, saa moja asubuhi. Hakuwa amesikia kwamba kuna mtu kapotea. Alikuwa amefuata koleo.